Mtu wa Sawa Kwenye Kiti cha Hapana

Jumatatu, 4 Machi

Karatasi niliyopewa leo inasema mimi ni mtu asiyekasirika. Naandika haya kwa sababu nimekasirika.

Asubuhi nzima tumefungiwa ukumbini, chumba cha habari kizima, tukimsikiliza mtaalamu aliyeletwa na mkurugenzi mpya. Alivaa viatu vyeupe. Alisema kila mfanyakazi ana namna yake ya kufanya kazi, ya kuzaliwa nayo, na uongozi unatakiwa ufuate namna hiyo. Ofisi ni kama gari, akasema. Wapo watu Injini, watu Usukani, watu Springi na watu Breki. Injini husukuma. Usukani huongoza. Springi hubeba mashimo ya barabara bila kulalamika. "Na Breki," alisema akitabasamu, "tunawahitaji pia." Tukajibu maswali. Ilipofika saa ya chai tulikuwa tumeshageuzwa vipuri.

Mimi ni Springi. Nimeripoti moto, ajali na chaguzi kwa zaidi ya nusu ya umri wangu bila kupandisha sauti, na hayo ndiyo malipo yake.

Wazo lenyewe silipingi. Mtu akipewa kazi inayofanana naye, kazi inakwenda. Lakini mkurugenzi hajakaa nasi hata mwezi. Angevuta kiti akatutazama tukifanya kazi, angejua zaidi ya anachojua sasa.

Mhariri msaidizi, ambaye sote tunamwita Mama Hapana kwa kuwa ndilo neno la kwanza analoiambia habari yoyote, aliulizwa na karatasi kama anapenda kufanya kazi na watu. Aliandika: "Inategemea ni watu gani." Amekuwa Breki.

"Gari lisilo na breki linaitwaje?" alimuuliza mtaalamu.

"Ni mfano tu, mama."

"Linaitwa jeneza."

Watu walicheka. Yeye hakucheka. Simpendi sana Mama Hapana. Ukimsalimia haitikii mpaka amalize sentensi anayoisoma, na aliwahi kunirudisha barabarani kwenye jua kali kwa sababu sikuuliza kama mlango uliovunjwa ulikuwa unafungukia ndani au nje.

Alhamisi, 7 Machi

Mkuu wa dawati la habari anastaafu kesho. Kiti chake wamempa mtu wa Usukani. Mtu wa Usukani ni shemeji yangu.

Ni mume wa mdogo wangu. Tumefanya kazi pamoja miaka mingi, na sijaona mwandishi anayewafungua watu midomo kama yeye. Silaha yake ni neno moja: sawa. Mtu akimwambia lolote, la kweli au la uongo, anaitikia "sawa", polepole, kama anayepokea mzigo mzito kichwani mwa mtu, na huyo mtu anaendelea kusema. Nimemwona akimsikiliza tajiri mmoja mpaka tajiri akautaja mwenyewe wizi wake. Nilipomuuliza alifanyaje, alishangaa. "Sikufanya kitu, shemeji. Nilisema sawa."

Basi kwa sababu kila mtu anampenda, na kwa sababu alijibu maswali ya karatasi kwa kukubaliana na kila moja, ameonekana anafaa kutuongoza.

"Utaweza?" mkurugenzi alimuuliza mbele yetu.

"Sawa," alisema shemeji.

Swali lilikuwa utaweza. Hakuna aliyesikia kwamba halijajibiwa.

Mdogo wangu alinipigia simu kwa furaha mpaka nikaisogeza mbali na sikio. "Kaka! Suruali za matope zimekwisha! Sasa na mimi nina mume wa ofisini!"

Jumanne, 12 Machi

Mvua imeanza. Paa la chumba cha habari linavuja juu ya meza yangu, palepale pa mwaka jana.

Jumanne, 19 Machi

Mtu wa michezo alimwomba shemeji ukurasa wa nyuma. Akasema sawa. Mtu wa matangazo akaomba ukurasa uleule. Akasema sawa. Jioni wote wawili wakasimama mbele ya meza yake, kila mmoja akimwita mwenzake mwizi, na yeye katikati akiwaambia wote wawili, "Sawa, sawa." Ukurasa uligawanywa nusu kwa nusu. Mpira umekatwa kichwa na tangazo la magodoro limekatwa miguu.

Jumatatu, 25 Machi

Mvua. Nimeomba kwenda kusini, akakubali. Nimeomba kubaki, akakubali.

Jumatano, 3 Aprili

Nimepita kwa mdogo wangu. Shemeji alikuwa mezani, anakata chakula vipande vidogo na kuvipanga upande mmoja wa sahani. Hakula. Alipotoka kunawa, mdogo wangu akaninong'oneza.

"Anasema sawa usingizini, kaka. Jana nimemwamsha, nikamwambia hakuna mtu anayekuomba kitu hapa. Unajua alinijibu nini?"

"Najua."

"Basi zungumza naye."

"Nimwambie nini? Akatae cheo?"

Macho yake yalibadilika. "Nani amesema akatae? Nimesema zungumza naye. Mfundishe."

Nimerudi kwa miguu, mvua inaninyeshea. Namfundisha nini mtu mzima? Kusema hapana? Mwanaume huyu hata muuza viatu hajawahi kumkatalia. Ana pea tatu zinazombana.

Jumanne, 9 Aprili

Leo ametutuma waandishi watatu kwenye mtaa mmoja uliofurika, kwa sababu kila mmoja wetu aliomba na yeye hakutaka kumnyima mtu. Tulikutana kwenye maji tukatazamana kama wachumba wa mwanamke mmoja. Wakati huohuo daraja la upande wa pili lilifungwa na hatukuwa na mtu. Nimemkasirikia mpaka taya zinaniuma. Ofisini nikamwambia kwa sauti ya kawaida tu kwamba hii si kazi. Akasema sawa.

Kwenye ngazi nilimkuta Mama Hapana anafungua mwavuli.

"Usimtazame hivyo," akaniambia. "Shemeji yako ni kisima. Kila mtu anateka. Nyie mmemhamisha mkamfanya mlango, na hajui kujifunga."

"Sisi? Amechaguliwa na mkurugenzi."

"Na wewe uliyemjua ulisema nini siku ile?"

Akaenda zake. Huyu mama ana namna ya kuuliza maswali ambayo mtu akifika nyumbani bado anayajibu.

Jumatano, 17 Aprili

Nimechelewa kula, sasa ni usiku na bado mikono ina harufu ya saruji. Nitaandika kwa mpangilio.

Mchana ukuta wa ghala la mbolea ulianguka. Mvua ya wiki nzima ilikuwa imekula msingi. Nilipofika, wabeba mizigo walikuwa wanachimba kwa sepetu na kwa mikono. Walisema mlinzi wa mchana alikuwa amejikinga mvua chini ya ukuta uleule. Wakamtoa nikiwa pale. Uso wote matope, mguu umekwenda upande usio wake. Mmoja akasema amekufa. Mwingine akasema bado. Gari la wagonjwa likamchukua kabla sijamkaribia.

Nikampigia shemeji. "Jina ninalo, lakini usilitumie. Sijui kama yu hai. Nakwenda hospitali."

"Sawa."

Hospitali ilikuwa imejaa watu wa mafuriko. Nilizungushwa kutoka dirisha hadi dirisha mpaka giza likaanza kuingia. Hatimaye nikampata: kitandani, mguu umefungwa, anauliza kama kuna mtu aliyeokota redio yake. Nikampigia shemeji tena.

"Yu hai. Nimezungumza naye. Andika yu hai."

Alikaa kimya kidogo. Kisha akasema, "Sawa."

Nimerudi nyumbani, na leo nitalala kwa amani.

Alhamisi, 18 Aprili

Ukurasa wa kwanza, kwa herufi za kuonekana hadi ng'ambo ya barabara: MLINZI AFUKIWA, AFARIKI. Chini yake jina lake, jina la baba yake na mtaa anaokaa.

Nimeuliza mmoja baada ya mwingine na sasa najua ilivyokuwa. Mimi nilisema subiri, nikaambiwa sawa. Mpiga picha wetu alipiga simu kusema amesikia kwa watu kwamba mlinzi amekufa, akaambiwa sawa. Mkurugenzi aliingia chumba cha habari, kitu ambacho hana kazi nacho, akasema jina liwe juu, akaambiwa sawa. Mama Hapana aliusoma ukurasa, akauliza, "Nani kasema amekufa?" Akasema, "Hapana, hii haiendi hivi, toa jina, toa afariki." Akaambiwa sawa, akaenda nyumbani akijua limekwisha. Watu wa mitambo wakapiga simu kwamba wanasubiri na saa yao imefika. Wao pia waliambiwa sawa. Na wao ndio walikuwa wa mwisho.

Nilipopiga simu kutoka hospitali, ukurasa ulikuwa umeshakwenda. Alijua. Hakuweza kuniambia umekwenda, kwa sababu hilo lingekuwa kunikatalia. Ningeambiwa ukweli ningekimbia mitamboni kwa miguu yangu, nilale mbele ya mtambo ikibidi. Badala yake nililala kwa amani kama mpumbavu.

Saa tatu mke wa mlinzi aliingia chumba cha habari. Askari wa getini alijaribu kumzuia akashindwa. Alikuwa ameshika gazeti letu, limelowa mpaka linamwachia vipande vipande mkononi.

"Nani ameandika hili?"

Akaja hadi mbele ya meza ya shemeji.

"Nimeamshwa na majirani wamebeba viti. Nawauliza viti vya nini, wananitazama hivi. Mwanangu ndiye aliyenisomea. Mtoto wa darasa la nne! Nimefika hospitali, sikuuliza wodi. Nimeuliza chumba cha maiti. Nimesimama pale nafunuliwa watu wa wenzangu, mmoja mmoja, namtafuta wangu. Na yeye yuko juu, hai, anawauliza manesi mbona mke wangu haji!"

Shemeji aliinuka kutoka kitini. Nilidhani atasema neno lake. Nadhani yeye pia alidhani. Mdomo ulifunguka, ukafungika.

Nimeripoti mambo mengi mabaya waliyofanya watu wengine. Hili tumelifanya sisi. Nataka kumvunja mtu shingo na sijui nianze na ya nani.

Ijumaa, 19 Aprili

Nimejua nianze na ya nani.

Mkurugenzi ametuita watatu: shemeji, Mama Hapana na mimi. Karatasi za mtaalamu, kila kundi na rangi yake, zilikuwa mezani.

"Nimetafakari," akasema. "Mpango wetu haukukosea. Usukani ulikuwa mahali pake. Kilichoshindwa ni breki." Akamtazama Mama Hapana. "Kazi yako ni kusimamisha. Gari halikusimama."

"Nilisema hapana."

"Nani alikusikia?"

Alikuwapo mmoja tu, na alikuwa ametazama viatu vyake vinavyombana.

Mkurugenzi alitaka kumaliza mwanzo wa wiki. Ikithibitika kwamba Mama Hapana aliupitisha ukurasa, ataondoka, na shemeji atabaki kitini. "Ukifika hapa Jumatatu," alimwambia shemeji kwa upole, "nitakuuliza swali moja. Tumeelewana?"

"Sawa."

Mama Hapana alikusanya miwani yake akatoka. Hakutuaga, lakini huyo hata siku za kawaida haagi.

Jumapili, 21 Aprili

Mdogo wangu amenikuta mlangoni, kabla sijafunga mwavuli.

"Kaka, najua ulichokuja kusema. Usikiseme."

"Yule mama hakukosa."

"Na watoto wangu wamekosa nini? Yule mama ana miaka mingapi kabla ya kustaafu? Anayo nyumba, watoto wake ni wakubwa. Mume wangu akitajwa kuwa yeye ndiye aliyemuua mtu aliye hai, nani atamwajiri? Wewe?"

Ni mdogo wangu; nimembeba mgongoni. Nikampita.

Shemeji alikuwa barazani, anatazama maji yanavyotoka kwenye mfereji wa paa. Nikamwambia yote niliyokuwa nayo. Nilimwambia alivyonifanya pale hospitali. Kwamba mwanamke amefunuliwa maiti kwa ajili ya adabu yake yeye. Kwamba kesho akimwachia Mama Hapana mzigo huu, tutabaki shemeji kwa sababu ya mdogo wangu tu, na kwenye sherehe nitakaa meza nyingine. Sikupandisha sauti. Nilipomaliza nikaiweka mikono mifukoni.

Alinigeukia.

"Sawa," akasema.

Nimeondoka bila kujua nimeahidiwa nini. Neno hilo halina kitu tena ndani yake.

Jumatatu, 22 Aprili

Ofisi ya mkurugenzi, sisi wanne. Mvua ilikuwa inapiga dirisha mpaka akalazimika kusema kwa nguvu.

"Tusipoteze muda," akasema. "Mama huyu aliuona ukurasa, akaupitisha, wewe ukautuma kwa nia njema. Sawa?"

Aliuliza hivyohivyo. Sawa? Alikuwa na kalamu tayari mkononi.

Shemeji akavuta pumzi.

"Hapana."

Mkurugenzi aliinua kichwa kama mtu aliyegongwa na mlango. Sisi pia tuligeuka. Mama Hapana alivua miwani.

"Unasemaje?"

"Hapana. Alisema toa jina, nilimsikia. Huyu naye alisema subiri, nilimsikia. Wewe ulisema weka juu, nilikusikia. Niliwasikia wote. Ndiyo ninachojua kufanya, bosi, kuwasikia watu. Kiti kile kinataka mtu atakayewaambia baadhi yenu hapana, na mimi siwezi. Hii ya sasa hivi nimeitafuta tangu jana."

Alishika ukingo wa meza ya mkurugenzi. Akaendelea.

"Niadhibu. Halafu nirudishe nje."

"Na nani akae pale?" Mkurugenzi alinigeukia mimi.

"Yeye," nikasema, nikimwonyesha Mama Hapana.

"Breki? Watu hawampendi."

"Mimi mwenyewe simpendi. Kila jioni watu wanasimama mbele ya meza ile wanataka kitu: wewe, mimi, matangazo, mitambo. Humu ndani kuna mtu mmoja anayeweza kutukatalia sote na akalala usingizi. Ulimtazama akifanya kazi hata siku moja? Hukumtazama. Hukumtazama huyu pia. Uliona mtu anapendwa ukadhani anaongoza. Umemchukua mwandishi bora uliyenaye ukamfungia kwenye kiti mpaka akamzika mtu aliye hai. Makosa ya ukurasa ni yake, amekubali. Ya kiti ni yako, na sijasikia ukiyakubali."

Mkurugenzi akazikusanya karatasi zake, akazigonga mezani zilingane.

"Nitafikiria. Angalau wewe umezungumza kwa utulivu," akaniambia. "Springi. Karatasi haikukosea."

Nilitoka kabla sijampindulia meza.

Ijumaa, 26 Aprili

Mama Hapana anakaimu nafasi ya mkuu wa dawati. Tangazo la ubaoni linasema "tathmini ya pili imebaini kwamba Breki nao wana uongozi wa aina yake". Hakuna tathmini ya pili. Shemeji amesimamishwa nusu mwezi bila mshahara. Mdogo wangu hapokei simu zangu.

Masahihisho yametoka leo. Mkurugenzi aliyataka ndani, chini, karibu na matangazo ya magari yaliyotumika. Mama Hapana aliweka ukurasa wa kwanza, kwa herufi za ukubwa uleule: MLINZI YU HAI, TULIKOSEA. Mkurugenzi alishuka mwenyewe kumwomba apunguze. Mama hakuinua macho mpaka alipomaliza sentensi aliyokuwa anasoma. Kisha akamwambia lile neno.

Nilitamani shemeji angekuwapo aone linavyosemwa na mtu ambaye halimuumi.

Ijumaa, 3 Mei

Mvua inapungua. Paa bado linavuja.

Jumatatu, 13 Mei

Shemeji amerudi, mwandishi wa kawaida, meza ya kwenye kona. Muda wote aliosimamishwa alikuwa anakwenda hospitali. Siku ya kwanza mke wa mlinzi alimfukuza. Siku ya pili alimtukana, na matusi yakachukua asubuhi nzima. Shemeji alikaa kwenye benchi akasema sawa. Siku ya tatu mama yule alipochoka kutukana akaanza kusimulia: kwamba mumewe aliuona ufa kwenye ukuta tangu kabla ya mvua, akamwambia mwenye ghala, akajibiwa kazi yake ni kulinda mbolea.

Nilipokuwa natafuta habari ya ghala hilo nilibisha hodi kila mahali. Sikuipata hii.

Ameiandika vizuri. Akaipeleka dawatini, akasimama mikono nyuma. Mama Hapana akasoma hadi mwisho.

"Hapana."

Akairudisha karatasi mezani.

"Mlinzi anasema aliona ufa. Nani mwingine aliuona? Wabeba mizigo wapo, waliupita kila siku. Mwenye ghala umemuuliza?"

"Sawa."

"Usinipe sawa zako. Hiyo ni sawa ya kwenda au sawa ya kukaa?"

"Ya kwenda, mama."

"Basi nenda. Ukurasa wa kwanza nitakushikia mpaka kesho. Mkurugenzi akija niachie mimi."

Shemeji alichukua mwavuli. Mlangoni nikamsikia anacheka peke yake, na sikukumbuka lini nilimsikia mara ya mwisho.

Jumanne, 14 Mei

Habari ya ufa iko tayari kwa mitambo. Wabeba mizigo wawili wamesema waliuona, mwenye ghala amekataa kujibu, na hilo nalo limeandikwa.

Mtaalamu wa viatu vyeupe alikuwa ofisi ya mkurugenzi mchana. Wanaandaa mafunzo mengine, na safari hii, nimesikia, tutakuwa vyombo vya muziki. Nimeshajua nitakavyopangwa. Nitakuwa ngoma ambayo haijapigwa.

Jioni simu ikalia. Mdogo wangu.

"Amerudi na matope mpaka magotini," alisema bila salamu. "Nyumba yangu yote nyayo."

"Amekula?"

Nilisikia sahani zinagongana.

"Amekula. Ameongeza na sahani ya pili." Sauti ikapanda. "Lakini usidhani yamekwisha, kaka. Mshahara wa mkuu wa dawati umekwenda na mdomo wenu. Bado nimekukasirikia, na nitaendelea kukukasirikia mpaka nichoke mwenyewe."

"Sawa," nikamwambia.